Wakili Msomi Asiye na Joho

Jumamosi nilikuwa kwenye sendoff ya binamu yangu, Sinza. Meza yetu ilikuwa na wakili, rafiki wa bwana harusi mtarajiwa, na mbele yake konyagi kubwa iliyobaki vidole viwili. Mazungumzo yakaangukia kijana wa mtaani kwao aliyekamatwa na misokoto. Wakili hakuhitaji ushahidi wala shahidi. "Hao ni kufunga tu, kaka. Mvuta bangi huwezi kumwamini na kitu chochote." Akamalizia vile vidole viwili, akamwita mhudumu.

Nikamuuliza kama anamjua Gareth Prince.

"Yule mwanamuziki?"

Nilirudi nyumbani nimenuna. Kwa hiyo hili bandiko ni lake, nanyi wengine mtakula makombo.

Prince ni Rasta wa Cape Town. Alisoma sheria, masomo yote akamaliza, akabakiza mwaka mmoja tu wa utumishi wa jamii ili aruhusiwe kuwa wakili. Katika maombi yake kwa chama cha wanasheria alieleza kwamba ameshatiwa hatiani mara mbili kwa kukutwa na bangi. Angeishia hapo, akashushia machozi kidogo na "ulikuwa utoto, waheshimiwa", pengine leo tusingelijua jina lake. Lakini akaongeza kwamba bangi ni sehemu ya ibada yake na ataendelea kuivuta. Chama kikamkatalia: huyo si mtu anayefaa.

Hebu tulia na hilo. Kazi ambayo msingi wake ni kuiambia mahakama ukweli inamfungia mlango mtu kwa sababu amesema ukweli. Mwenzake aliyevuta chooni, akatafuna pipi ya mnanaa, akajaza fomu "sina kosa lolote", huyo anafaa, anavaa joho, anaitwa msomi. Tunawajua mawakili waliokula fidia za wajane. Tunawajua wanaouza kesi kwa upande wa pili, kisha wanakuja kukupa pole kwenye korido. Wote siku ya kuapishwa walikuwa "watu wanaofaa". Sisemi kila mwenye joho ni mwizi (shangazi yangu ni wakili na atasoma hapa). Nasema kile kipimo kinapima ustadi wa kuficha.

Na msiniambie sheria ni sheria. Mwaka 1954 chama cha wanasheria cha Transvaal, Afrika Kusini, kilitaka Nelson Mandela afutwe uwakili kwa kutiwa hatiani katika kampeni ya kukaidi sheria za kibaguzi. Mahakama ya makaburu ikakataa. Ikaona kwamba mtu kuvunja sheria kwa ajili ya anachokiamini hakumfanyi kuwa tapeli. Makaburu! Sasa ruka hadi Januari 2002, Afrika Kusini huru, Mahakama ya Katiba inayosifiwa dunia nzima: Prince akashindwa, majaji watano kwa wanne. Jaji Sandile Ngcobo na wenzake watatu walitaka Rasta apewe nafasi ya ibada yake. Waliowazidi kwa kura moja wakasema polisi watapata taabu kutofautisha bangi ya ibada na bangi ya starehe. Kwa hiyo dini yako iko huru kabisa, ili mradi usimsumbue askari.

Akaenda Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu, akashindwa. Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa nayo ikamgomea mwaka 2007. Mimi ningefungua duka la vocha.

Yeye mlango wa dini ulipogoma akazunguka uani: faragha. Unachokifanya chumbani kwako, mtu mzima, kinaihusu nini serikali? Machi 2017 Jaji Dennis Davis wa Cape Town akamkubalia, na Septemba 18, 2018 Mahakama ya Katiba, ileile, ikakubali kwa kauli moja. Hukumu aliiandika Raymond Zondo. Prince alikuwa amejitetea mwenyewe. Sheria ya kutekeleza hukumu hiyo Rais Ramaphosa alikuja kuisaini Mei 28, 2024. Uchaguzi ulikuwa kesho yake. Tuseme ni sadfa.

Haya, najua mtakachosema. Bangi si mchicha. Kweli, nyumbani kwetu tunaye aliyeanza kuvuta akiwa darasa la saba na hadi leo anaongea na ukuta, kwa hiyo sihitaji kuhubiriwa. Lakini hata hukumu ile haikugusa watoto, na kuuza bado ni kosa. Ya Wakenya, ambao marasta wao walikwenda mahakamani mwaka 2021, tutayaongea siku nyingine.

Mimi ninayemkumbuka ni kijana mmoja. Nilikuwa nimekaa benchi la mahakama moja nikisubiri kesi ya kiwanja cha mzee, wakamwingiza. Ndala zake hazikufanana, moja ya bluu, nyingine nyekundu. Misokoto mitatu. Hakuwa na wakili. Aliulizwa, akasema "ni kweli, mheshimiwa", kwa adabu kabisa, na kabla sijamaliza kujibu meseji moja alikuwa ameshahukumiwa. Nyuma yangu mawakili wawili walikuwa wanabishana kuhusu mechi ya Simba. Hakuna aliyeinua kichwa.

Jana usiku nilimtumia yule wa Sinza hukumu zote mbili, ya 2002 na ya 2018. Tiki zikawa za bluu saa tano na dakika kumi. Akajibu: "Ndefu mno. Ila nitumie namba ya yule mpiga picha wa sendoff."