Shuka za Mama Mkwe

Mama mkwe wangu hutazama kitanda kabla hajakutazama wewe. Unampa shikamoo, anaitika marahaba huku jicho liko kwenye godoro, linahesabu mikunjo. Kwake, mke anayetandika shuka yenye makunyanzi hata wali wake ni wa kuonja kwa tahadhari. Basi tuliposikia ameshapanda basi kuja kwetu Tanga, nikatoa zile shuka nyeupe za pamba, nikaapa safari hii hapati pa kushika.

Na pamba ina kiburi. Shuka ya poliesta ukiikung'uta tu imekaa, ila joto la kwetu huku utalala unaelea kwenye jasho. Pamba inapitisha hewa, lakini ikikauka imejikunja, mkunjo huo hauondoki bila maji na moto. Ndiyo maana mimi naianua ingali na unyevu, tunashika wawili, kila mtu ncha zake, tunavuta, tunakung'uta, halafu pasi hapo hapo. Kwa mgeni wa kawaida hiyo yatosha. Kwa mama mkwe natia na wanga wa muhogo: unaukoroga kwa maji baridi usifanye madonge, unamwagia maji ya moto mpaka ung'ae, kisha unauzimua kwenye ndoo.

Asubuhi hiyo jikoni palikuwa na sufuria mbili: ya wanga, na ya uji wa mchele wa babu. Nikamwambia mdogo wangu wa kiume, aliyekuwa likizo na hana kazi ila simu, "Ile sufuria mimina kwenye ndoo, chovya shuka na foronya, kamua, anika." Nami nikakimbilia samaki, maana samaki aina ya changu ukichelewa unakuta magamba.

Niliporudi babu ananung'unika. "Mjukuu wangu, uji wa leo hauna sukari. Tena unavutika."

"Babu, hata ulimi unazeeka," nikamjibu. Akaumaliza wote, maskini. Mzee wa adabu yule.

Nikaanza pasi. Nukta 3 za pasi, moto wa pamba, karibu nyuzijoto 200. Pasi haitelezi! Inanata, inaacha michirizi ya kahawia, na nyumba nzima inanukia. Jirani akachungulia dirishani: "Mwenzetu unapika kashata?" Nikajua wanga umezidi, si jambo geni, wanga mzito huungua. Nikafuta pasi kwa kitambaa kibichi, nikashusha moto mpaka nukta 2, nikaendelea. Palipoungua nikapageuzia ukutani. Lakini kunyooka, ilinyooka! Ilikuwa inameta.

Mama mkwe akafika, akapitisha kiganja juu ya kitanda kutoka kwenye mto mpaka miguuni. Hakusema neno. Kwa wasiomjua: hiyo ni nishani. Nilijizuia tu nisipige vigelegele.

Saa sita usiku nikasikia, "Mwanangu! Njoo na taa!"

Nikaingia na mume wangu, mdogo wangu nyuma yetu. Sisimizi! Wameingia dirishani, wameteremka ukutani, wamepanda mguu wa kitanda, na shuka nyeupe haionekani weupe. Mama mkwe yuko juu ya kiti, kanga kifuani, anajikuna kwa mikono miwili, na foronya imemganda shavuni kwa jasho. Akaibandua polepole. Akainusa. Akailamba pembe.

"Mwanangu," akasema, "foronya nayo mnaitia iliki?"

Nikamgeukia mdogo wangu. Alikuwa anasoma dari.

Kabla sijapata jibu, sauti ya babu ikatokea chumba cha pili: "Kumbe uji wangu mmemtandikia mgeni!"