Nywila ndani ya vigeu vya mazingira: nani hasa anaisoma?

Wapo wanaosema kuweka nywila kwenye kigeu cha mazingira (thamani yenye jina ambayo programu hupewa inapoanzishwa) katika Linux ni sawa na kuibandika ukutani. Wanatia chumvi. Faili la `/proc/PID/environ`, ambamo Linux huonyesha vigeu vya mchakato (programu inayoendeshwa) wenye namba PID, lina ruhusa ya 0400, yaani hulisoma mwenye mchakato na root, msimamizi mkuu wa mashine, tu. Ukilinganisha na `/proc/PID/cmdline`, lenye amri iliyoanzisha mchakato, ambalo kwa kawaida yeyote aliyeingia kwenye mashine hulisoma (labda `/proc` iwe imewekewa `hidepid`, mpangilio unaoficha michakato ya wengine), kigeu ni afadhali sana kuliko nywila iliyoandikwa kwenye amri.

Hatari yenyewe imo ndani. Kila mchakato-mtoto hurithi vigeu vya mzazi, kwa hiyo hata programu ndogo ya kupunguza picha hukabidhiwa nywila ya hifadhidata isiyoihitaji. Mwaka 2021 wavamizi waliongeza mstari mmoja tu kwenye skripti ya Bash ya Codecov, huduma ya kupima kiasi cha msimbo kinachojaribiwa. Mstari huo ulitumia `env`, amri inayoorodhesha vigeu vyote, kukusanya siri za wateja, kisha `curl` ikazituma kwenye seva yao. Programu ya wavuti yenye kasoro ya kusoma faili lolote nayo mara nyingi huweza kutoa `/proc/self/environ`, kwa kuwa inasoma mazingira yake yenyewe.

Wengine hujitetea kwa `unsetenv()`, yaani kukifuta kigeu, mara tu baada ya kusoma siri. Inasaidia nusu: watoto hawarithi tena, lakini glibc, maktaba ya msingi ya C kwenye Linux, huondoa kielekezi tu, yaani anwani ya mahali siri ilipo. Herufi hubaki kwenye kumbukumbu, na `/proc/PID/environ` huendelea kuzionyesha.

Kwenye systemd, programu inayoanzisha na kusimamia huduma za Linux, kosa la wazi ni kuandika nywila kwenye `Environment=`. Mtumiaji wa kawaida akiandika `systemctl show -p Environment huduma` anaiona nywila. Tangu toleo la 247 ipo `LoadCredential=`, inayoikabidhi huduma siri kama faili badala ya kigeu:

`LoadCredential=db:/etc/huduma/db.siri`

Faili hilo liwe la root, ruhusa 0600. Programu isome `$CREDENTIALS_DIRECTORY/db`.

Nayo si kinga kamili. Mtoto anayeendeshwa kwa mtumiaji yuleyule bado anaweza kulifungua faili, ingawa `env` pekee haitamfikisha. Tena lazima programu ibadilishwe, na picha nyingi za kontena (vifurushi vya programu vilivyo tayari kuendeshwa) hutegemea vigeu. Tokeni (siri ya muda) inayoisha baada ya dakika 15 ningeiacha kwenye kigeu bila wasiwasi. Nywila ya hifadhidata isiyobadilishwa mwaka mzima, hapana.