Redio ni ya nani? Marconi, Tesla na hukumu ya 1943

Ubishi kuhusu mvumbuzi wa redio ukianza, hakosekani mtu wa kuleta hoja ya kufunga mjadala: mwaka 1943 Mahakama ya Juu ya Marekani ilimvua Mwitalia Guglielmo Marconi taji na kumvika Nikola Tesla, mvumbuzi wa Marekani. Hoja ina utamu wake. Tesla alifariki Januari mwaka huo katika hoteli moja ya New York, akiwa na madeni, na hukumu ikatoka Juni. Dhuluma imeondolewa, ingawa mwenye haki hayupo. Ila majaji hawakusema hivyo.

Kesi ilihusu fedha. Kampuni ya Marconi ya Marekani iliidai serikali fidia kwa kutumia hataza zake, yaani hati za kisheria za kumiliki uvumbuzi, hasa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Hataza iliyoleta mvutano mkubwa ni ya mwaka 1904, inayohusu namna ya kufanya mtambo wa kurusha na ule wa kupokea viitikie wimbi moja na kuyaacha mengine. Mahakama iliona kwamba Oliver Lodge wa Uingereza, Tesla, na Mmarekani John Stone Stone walikwishaeleza mambo hayo kabla yake, ikabatilisha sehemu kubwa ya madai. Lakini hukumu hiyohiyo ikaeleza kuwa sifa ya Marconi ya kufanikisha mawasiliano ya redio kabla ya wengine imesimama juu ya hataza yake ya mwanzo, ambayo haikuwa mezani. Anayetumia hukumu hii kumtawaza Tesla ameisoma nusu.

Hata hivyo, hilo halimsafishi Marconi. Ukivifungua vifaa vyake vya mwaka 1895, karibu kila kimoja kina mwenyewe. James Clerk Maxwell alikwishaonyesha kwa hesabu, miaka ya 1860, kuwa mawimbi ya redio lazima yawepo. Heinrich Hertz akayatoa kwa cheche za umeme huko Karlsruhe, Ujerumani, kati ya 1886 na 1888. Mtambo wa cheche Marconi aliuiga kwa Augusto Righi, profesa wa Bologna. Kile kichupa chenye unga wa chuma, ambao hushikana wimbi likipita na kuruhusu umeme, kilitoka kwa Édouard Branly wa Paris. Lodge alirusha ishara mbele ya wanasayansi Oxford mwaka 1894. Jagadish Chandra Bose alipigisha kengele kwa mawimbi huko Calcutta, na Alexander Popov akaonyesha kipokezi chake St. Petersburg tarehe 7 Mei 1895, siku ambayo Warusi huiadhimisha hadi leo. Tesla naye mwaka 1898 aliendesha mashua ndogo bila waya mbele ya umati wa New York.

Basi kijana huyu wa miaka 21, ambaye hata chuo kikuu hakuwa mwanafunzi rasmi, aliongeza nini? Umbali. Wanafizikia waliyatazama mawimbi haya kama ndugu wa mwanga: wakayapitisha kwenye vioo na miche ya kupindia mwanga, mezani na ukumbini. Marconi alitaka habari ifike. Alisimamisha waya mrefu hewani, upande wa pili akauzika ardhini, na ishara zikavuka kilima nyuma ya nyumba ya baba yake huko Pontecchio, ambako kaka yake Alfonso alifyatua bunduki kumjulisha kuwa zimefika. Kwa kanuni za mwanga, mtu aliyefichwa na kilima asingetarajiwa kupata kitu. Kwangu mimi huo ni uvumbuzi wa kweli, hata kama mwenyewe hakuweza kueleza kwa nini ulifanya kazi.

Penye shaka kubwa ni tarehe 12 Desemba 1901. Akiwa Signal Hill, Newfoundland (leo sehemu ya Kanada), antena yake imeinuliwa kwa tiara (kishada) katika upepo mkali, Marconi alisema amesikia nukta tatu za herufi S kutoka Poldhu, Cornwall, Uingereza, kilomita 3,500 hivi ng'ambo ya Atlantiki. Hakuna karatasi iliyochapa ishara hizo. Shahidi alikuwa msaidizi wake, George Kemp, na wote wawili walijua watasikia nini kabla ya kusikia. Ilikuwa mchana, na radi za mbali hutoa mlio kama huo. Wanaomtetea hutaja safari ya meli Philadelphia, Februari 1902, ambapo ujumbe kamili ulichapwa kwenye utepe kutoka kilomita 2,500 hivi. Sawa, lakini huo ulikuwa usiku. Mchana, meli hiyohiyo ilipoteza ishara baada ya kilomita 1,100 hivi. Ushahidi unaomwinua Marconi wa 1902 ndio unaomwangusha yule wa 1901. Naamini alisikia kelele za anga, na aliziamini kwa dhati.

Hata hivyo, lawama nzito zaidi naiona kwenye biashara. Kampuni yake iliwakodishia wenye meli mitambo pamoja na waendeshaji, ikawaamuru wasijibu ishara za mitambo ya makampuni mengine. Mwaka 1902 Mwanamfalme Heinrich wa Prussia, akirejea kutoka Marekani katika meli yenye mtambo wa Kijerumani, alitaka kumshukuru Rais Theodore Roosevelt kwa simu ya upepo, yaani telegrafu isiyo na waya. Kituo cha Marconi hakikumpokea. Watetezi husema aliyegharimia vituo ana haki ya kuchagua wateja, na kwa duka hoja hiyo ingetosha. Baharini ilikuwa hatari, tena serikali za mataifa makubwa hazikuwa tayari kumwachia mtu mmoja chombo cha aina hiyo: Agosti 1914 manowari ya Kiingereza Astraea iliishambulia Dar es Salaam kwa mizinga, ikilenga kituo cha simu ya upepo cha Wajerumani.

Ujerumani iliitisha mkutano wa mataifa kuhusu suala hilo Berlin mwaka 1903. Uingereza na Italia, zilizofungwa na mikataba ya Marconi, zilikataa kutia saini. Mwaka 1906 wakakutana tena hapohapo, na vituo vya pwani vikalazimishwa kupokea meli yoyote bila kujali mtambo wake. Sharti la meli kupokea ishara za meli nyingine lilisubiri mkutano wa London wa 1912, miezi michache baada ya Titanic kuzama.