Sijaabudu Nyundo, Jamani

Kwa kuwa kuna mtu (anajijua) kashairusha ile picha yangu ya Krismasi ukweni kwenye grupu la jumuiya na maneno "ndugu yetu kaasi", na wengine mmeanza kunitumia mistari ya Biblia, acheni niieleze mwenyewe.

Krismasi hii nilikuwa ukweni, Trondheim, Norwei. Wakwe zangu kanisani huwaona kwenye harusi na misiba, ila baba mkwe ndo kabisa, yeye karudi kwa miungu ya mababu zake Waviking, kina Odin na Thor, yule mwenye nyundo. Na mke wangu hakunidokeza! Nimepiga suti, rozari mfukoni, najua tutakula, tutaimba, tutalala.

Mara taa zikazimwa. Pembe la ng'ombe likaanza kuzunguka meza, ndani pombe ya asali, wanzuki kabisa ila wa kizungu. Kila mtu analiinua, anamtaja mungu wake, anapiga funda. Odin. Freyr. Linakuja. Kabla yangu kabaki shemeji tu. Nikikataa namdhalilisha mzee mbele ya ukoo, nikinywa namkana Yesu siku ya birthday yake, nacheki mke wangu yuko bize na viazi, na mkono huu, jamani, mkono uliofundwa na masista tangu chekechea, ukajiinukia wenyewe ukalichorea pembe ishara ya msalaba, polepole, juu, chini, kushoto, kulia, meza nzima inanikodolea macho.

Kimya.

Mzee akapiga meza: "THOR!" Ukoo wote ukanyanyuka unashangilia. Kumbe karne ya 10 mfalme wao Håkon, kalelewa Uingereza akawa Mkristo, inasimuliwa alifanya hivyohivyo kwenye karamu pale Lade, hapohapo Trondheim, wakulima wakachachamaa, chifu Sigurd akamkingia kifua eti mfalme kachora nyundo ya Thor. Sasa mzee kwa mapenzi yake kaamua na mimi nimechora nyundo. We ungebisha? Nikakumbatiwa, nikatokwa na machozi (wanzuki huo), picha ikapigwa.

Wachaga mnaocheka, mbege mnayowamwagia mababu kihambani nimeiona, tuheshimiane.

Basi katekista anataka kuniona nikija likizo, rafiki yangu aliyerusha picha nimemblock, na baba mkwe kanivisha mkufu wa nyundo. Nikajitetea kwamba kule Denmark limekutwa jiwe la fundi wa enzi hizo lenye kalibu za misalaba na za nyundo pamoja, mteja achague. Mama kauona huo mkufu kwenye video: "Sasa mwanangu, huo msalaba mbona umeuvaa kichwa chini?"