Mtu na kamera yake kwenye jiko la watu

Wapenzi wengi wa dokumentari wanaamini kwamba mtu anayejitegemea, asiye na stesheni wala sponsa wa kumpangia, ndo pekee anaweza kutuonyesha eneo lilivyo, misosi yake, mazingira yake na watu wake. Mi nakubali, ila sio yote.

Anachokuwa nacho huyu mtu sio hela, hela haipo kabisa, ni muda. Dokumentari ya Honeyland ya 2019, ile ya Hatidze Muratova anayevuna asali milimani huko Macedonia Kaskazini, ilishutiwa miaka 3 na zikapatikana picha za zaidi ya masaa 400. Unamuona anatoa jiwe ukutani, ndani nyuki wamejaa, anaingiza mikono mitupu na kukata sega, nusu yake nusu anawaachia wenyewe. Halafu anahamia jirani, naye anaanza kufuga nyuki, anatokea mnunuzi anataka asali nyingi na haraka, jirani anavuna hadi ile ya akiba ya nyuki, nyuki wake wakikosa chakula wanavamia nyuki wa Hatidze na kuwamaliza. Sasa timu iliyopewa wiki moja kijijini ingeyapata wapi hayo?

Ila hapohapo kuna kitu kinanisumbua, waongozaji wenyewe walikuwa hawaelewi Kituruki anachoongea huyo mama, mwanzoni wakawa wanahariri kwa kufuata picha tu. Matokeo ni mazuri sana, sikatai, lakini masaa 400 yamekuwa saa moja na nusu hivi na aliyechagua kipi kibaki sio watu wa pale.

Au mchukue Les Blank, mtengeneza dokumentari wa Marekani, alikuwa anatengeneza filamu za makampuni ili apate hela ya kushuti mapishi na muziki wa jimbo la Louisiana, na filamu yake ya 1980 ya vitunguu swaumu ikionyeshwa alipenda vipikwe humohumo ukumbini, harufu iwafikie watazamaji (hapo mi namvulia kofia). Lakini alizaliwa Florida na maskani yake yalikuwa California, na kilichomvuta ni raha, kwahiyo ukimtazama yeye peke yake unaweza kudhani Louisiana watu wanaamka, wanakula, wanacheza, basi. Sio uongo, ni vile alivyowapenda, ila filamu ikishapendwa inageuka kuwa ndo sura ya eneo zima na wasiopika hivyo wanafutika. Na kwa vile mara nyingi hakuna msimulizi, mtazamaji hata hashtuki kwamba kuna mtu amemchagulia.

Pamoja na yote bado nawapendelea wa kujitegemea kuliko stesheni kubwa. Wale wa Honeyland baadae walimnunulia mama nyumba kijiji kingine, yani hawakuchukua picha wakasepa. Ila uhuru wao una shimo, hakuna wa kuwauliza, kwahiyo ningetaka kabla hawajafunga editi waende wakawaonyeshe wenyeji kwanza, na wakiambiwa "hapa sio sisi" warudi mezani hata kama ndo kipande kizuri kuliko vyote.