Daktari wa Panzi na mipaka ya kazi yake

Dkt. Denis Mukwege alipotangaza mjini Kinshasa, tarehe 2 Oktoba 2023, kwamba atagombea urais wa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, ubishi uliokuwa ukiendelea chinichini kwa miaka mingi ulijitokeza hadharani. Je, daktari anayewatibu wanawake waliobakwa vitani kazi yake inaishia mlangoni mwa hospitali, au ana wajibu wa kuifuata vita yenyewe huko inakopangwa na kufadhiliwa? Katika uchaguzi wa Desemba mwaka huo hakufikisha hata asilimia 1 ya kura, na wapo walioona kwamba swali limekwisha kujibiwa. Kwa maoni yangu, kura zile zilijibu sehemu ndogo tu ya swali hilo, tena ile iliyo nyepesi.

Hospitali ya Panzi mjini Bukavu, mashariki mwa Kongo, ambayo Mukwege ndiye mwanzilishi wake, haikujengwa kwa ajili ya manusura wa ubakaji. Mukwege alisomea udaktari Bujumbura, akapata ubingwa wa magonjwa ya wanawake Angers, Ufaransa, kisha akarudi kufanya kazi Lemera, Kivu Kusini. Oktoba 1996 hospitali ya Lemera ilishambuliwa, wagonjwa na wauguzi wakauawa. Panzi ilipoanza mwaka 1999, nia ilikuwa kuwasaidia kina mama wajifungue salama, lakini mgonjwa wa kwanza kulazwa, kama Mukwege mwenyewe alivyosimulia alipopokea Tuzo ya Nobel ya Amani ya mwaka 2018 pamoja na Nadia Murad, alikuwa mwanamke aliyebakwa kisha akapigwa risasi sehemu za siri.

Makumi ya maelfu ya wanawake wamemfuata mgonjwa huyo. Wengi huja na fistula, yaani tundu linalofunguka kati ya uke na kibofu au njia ya haja kubwa, ambalo humfanya mwanamke avujwe na mkojo au kinyesi mchana na usiku, hadi mume anamkimbia na majirani wanamtenga. Upasuaji unaweza kuziba tundu hilo, lakini hauwezi kumrudisha mgonjwa kwenye kijiji ambacho bado kimo mikononi mwa watu waliombaka. Ndiyo maana matibabu ya Panzi yanakwenda pamoja na ushauri wa kisaikolojia, msaada wa kisheria na mafunzo ya kujipatia riziki. Mwaka 2011 ikafunguliwa pia Cité de la Joie, kituo ambako manusura huandaliwa kuwa viongozi katika jamii zao.

Wanaotetea sauti ya daktari huyu nje ya chumba cha upasuaji wana hoja nzito, nayo inatoka wodini. Mukwege ameeleza mara nyingi kwamba amemtibu mama, kisha binti yake, kisha mjukuu. Daktari anayeona ugonjwa uleule ukirudi katika ukoo mmoja kwa vizazi vitatu hawezi kuambiwa kwamba chanzo chake hakimhusu. Kwa sababu hiyo amekuwa akidai ripoti ya Umoja wa Mataifa iliyotolewa Oktoba 2010, maarufu kama Ripoti ya Mapping, ifanyiwe kazi. Ripoti hiyo iliorodhesha matukio 617 ya ukatili mkubwa yaliyotokea Kongo kati ya Machi 1993 na Juni 2003, na ikayataja majeshi ya nchi jirani pamoja na ya Kongo yenyewe. Mahakama maalumu aliyoiomba haijaundwa hadi leo. Si ajabu kwamba baadhi ya wanaomshauri abaki na visu vyake vya upasuaji ni wale ambao ripoti hiyo inawanyima usingizi.

Ushahidi wa kitabibu una nguvu yake pia pale unapofika mahakamani. Huko Kavumu, kaskazini mwa Bukavu, watoto wa kike makumi kadhaa walitekwa usiku na kubakwa kati ya mwaka 2013 na 2016, na waliopokelewa Panzi walitibiwa na majeraha yao kuandikwa kwa utaratibu. Desemba 2017 mahakama ya kijeshi iliwahukumu washtakiwa 11, mbunge wa jimbo akiwa miongoni mwao, kifungo cha maisha. Bila kumbukumbu za madaktari, kesi ya namna hiyo ingekuwa vigumu mno kuithibitisha.

Upande wa pili nao hauwezi kupuuzwa. Septemba 2012 Mukwege alizungumza Umoja wa Mataifa akilaani ukimya wa dunia na udhaifu wa serikali yake. Mwezi uliofuata watu wenye silaha walivamia nyumba yake Bukavu, mlinzi wake akauawa. Alikwenda uhamishoni, na kina mama wa kisiwa cha Idjwi wakauza mananasi na vitunguu ili wachange nauli ya kumrudisha. Kisa hicho husimuliwa sana kama sifa yake, nami nakiona pia kama onyo: huduma iliyosimama juu ya jina la mtu mmoja hutikisika anapotikiswa yeye.

Lakini hoja inayonisumbua zaidi inahusu fedha na namna simulizi zinavyozivuta. Mwaka 2010 Margot Wallström wa Umoja wa Mataifa aliiita Kongo mji mkuu wa ubakaji duniani, na misaada ikaelekea huko. Miaka miwili baadaye mtafiti Séverine Autesserre alionyesha gharama yake: ugomvi wa ardhi, umaskini na ukatili wa aina nyingine vilisahauliwa, na mwanamke mwenye fistula ya uzazi, aliyeumia kwa uchungu wa siku nyingi bila mkunga, alijikuta njia rahisi ya kupata matibabu ya bure ni kusema amebakwa. Tundu ni lilelile, ila mfadhili analipia moja na kuliacha jingine. Simlaumu Mukwege kwa hilo, maana Panzi imeendelea kuwapokea wanawake wa makundi yote mawili. Hata hivyo, kila hotuba inayogusa mioyo huko Ulaya na Marekani huongeza uzito wa simulizi hiyo moja, na yeye ndiye msemaji wake anayesikika kuliko wote.

Kwa hiyo kulitetea jukwaa si kuutetea ugombea. Daktari anaposhuhudia aliyoyaona kitandani, neno lake lina mamlaka ambayo mwanasiasa hana. Akishaomba kura, neno lilelile linapimwa kama ahadi ya mgombea yeyote, na wapinzani wake wanapata kisingizio cha kuziita hata taarifa za hospitali kampeni.

Februari 2025 waasi wa M23 waliingia Bukavu. Panzi imeendelea kupokea majeruhi na waliobakwa katika mji ulio chini ya kundi ambalo Mukwege, mwanzilishi wa hospitali hiyo, amelishutumu hadharani, pamoja na Rwanda anayoituhumu kuliunga mkono. Sioni sababu ya yeye kunyamaza. Ila kila anachokisema sasa, wa kwanza kukilipia ni wauguzi na madaktari wasiojulikana walio zamu pale usiku, na sauti yao inapaswa kusikika katika kuamua nini kisemwe, lini, na kwa jina la nani.