AK ya Bei Nafuu na AK ya Bei Mbaya: Pesa Inaingia Wapi?

Kwenye maduka ya silaha ya Marekani, ambako raia katika majimbo mengi anaruhusiwa kununua AK, yaani bunduki ya aina ya Kalashnikov, inayotoa risasi moja kwa kila mvuto wa kidole, utaikuta WASR-10 ya Romania, na jirani yake SAM7 ya Bulgaria ikiuzwa karibu mara mbili. Zote zinakula risasi ya 7.62x39, zote zinapokea magazini ya risasi 30. Muuzaji atasema ya bei mbaya ni bora. Bora kwa lipi? Hapo ndipo wanunuzi wengi wanapopigwa, maana wanatazama mbao na rangi, na uhai wa AK uko kwenye chuma ambacho hakionekani mpaka ufungue kifuniko cha juu.

Chuma hicho ni tranioni ya mbele. Ni bonge lililokazwa kwa ribiti ndani ya bodi, lile kasha la chuma linaloshika sehemu zote za bunduki. Mtutu umeshindiliwa humo, na meno ya bolti, kile chuma kinachoteleza na kuziba nyuma ya risasi, hujifunga humo kila risasi inapolipuka. Mshindo wote unaishia hapo. WASR-10, pamoja na sura yake ya kiwandani isiyopigwa msasa vizuri, ina tranioni ya chuma cha kufuliwa. SAM7 haina tranioni ya kukazwa kwa ribiti kabisa, kwa sababu bodi yake nzima ni kipande kimoja kilichofuliwa kisha kikachongwa. Kwa hiyo katika jambo lililo kubwa kuliko yote, bunduki hizi mbili zote ni salama.

Ya kuogopa ni ya tatu: AK iliyoundwa Marekani, rangi inang'aa, mbao nzuri, bei ya katikati, lakini tranioni yake imemiminwa kwenye kalibu na haikupikwa sawasawa. Chuma cha namna hiyo kikiwa laini, pale meno ya bolti yanapokaa panabonyea na ukingo unavimba kama udongo uliosukumwa kwa kidole gumba. Bolti inaanza kukaa nyuma kidogo kuliko inavyotakiwa. Ganda la risasi likikosa mgongo wa kuegemea linavutika, linakatika karibu na kitako chake, na gesi ya moto inatoka upande wa uso wako. Ndiyo maana nasema wazi: kati ya bunduki hiyo na WASR yenye mikwaruzo, chukua yenye mikwaruzo.

Kipimo chake si siri. Kuna geji tatu za chuma zenye umbo la risasi. Bunduki ikiwa tupu, bolti lazima ijifunge juu ya geji ya kwanza, ile ya GO. Juu ya NO-GO, bunduki mpya haitakiwi kujifunga. Ikijifunga juu ya ile ya FIELD, usifyatue tena hata risasi moja. Ipeleke kwa fundi. Pima siku ya kununua, andika matokeo, kisha rudia baada ya risasi 500. Kinachotafutwa ni mabadiliko kati ya vipimo viwili. Usisukume bolti kwa nguvu juu ya geji, utaiharibu na kujidanganya.

Mtutu nao usikutishe. Wa WASR umefuliwa kwa nyundo za mashine na kutiwa kromu ndani, na wa SAM7 vilevile. Kromu ina maana hasa kwa risasi za zamani za kijeshi, ambazo fataki zake, zile zinazowasha baruti, huacha chumvi inayovuta unyevu na kuleta kutu kwa siku moja tu. Mafuta hayayeyushi chumvi. Pitisha maji ya moto kwenye mtutu na bomba la gesi, safisha pistoni, kausha kabisa, ndipo utie mafuta.

Sasa kasoro za WASR, maana zipo. Ya kwanza ni kilengeo cha mbele kilichoinama. Shika bunduki ikiwa tupu, tazama kutoka nyuma kupitia mfereji wa kilengeo cha nyuma, uone kama masikio ya mbele yamesimama wima. Yakilala kidogo utafidia kwa kusogeza pembeni kipini kilicho katikati ya masikio hayo. Yakilala sana kipini kitafika ukingoni na bado risasi zinakwenda kushoto au kulia. Hiyo irudishe kwenye rafu, omba nyingine. Ya pili ni tundu la magazini. WASR huingia Marekani ikiwa na tundu jembamba la magazini ya safu moja, kisha hupanuliwa hukohuko. Fundi akikata kupita kiasi, magazini inacheza. Kucheza kidogo si ugonjwa: jaza risasi bandia, sukuma magazini mbele, nyuma na pembeni huku ukikokota bolti, na kama kila moja inapanda chemba, achana nayo.

Kifyatulio kina historia yake. Sheria ya huko hairuhusu bunduki ya aina hii iwe na zaidi ya sehemu 10 za kigeni kati ya 20 zilizoorodheshwa, hivyo nyingi hufungwa vifyatulio vya Kimarekani. Baadhi ya vile vya zamani vilikuwa vinapiga kidole kwa kurudi nyuma kila ukifyatua, na baada ya magazini mbili kidole kinawaka. Dawa ni kubadilisha kifyatulio, kazi ndogo kwa fundi.

Basi SAM7 inakupa nini kwa bei mara mbili? Bodi isiyopinda, bolti inayoteleza kama imepakwa samli, magazini iliyokaa kimya, vilengeo vilivyonyooka bila kuchagua. Pia inakupa uzito. Warusi wenyewe waliacha bodi ya kuchongwa mwaka 1959 walipoleta AKM, toleo jipya la AK lenye bodi ya bati la milimita 1, wakapunguza zaidi ya nusu kilo. Shabaha haiongezeki kwa kiasi cha pesa: kwa risasi za kawaida za ganda la chuma, kwenye mita 100 zote mbili zitatawanya kwa sentimita kadhaa, na utakachobadilisha kwanza ni risasi, si bunduki.

Katikati yao kuna Zastava M70 ya Serbia, yenye bati la milimita 1.5 na tranioni nene. Naipenda, ila hakikisha umechukua toleo lenye mtutu wa kromu, maana matoleo ya awali hayana, na ujue kwamba mbao zake haziingiliani na za AKM.

Kwa anayefyatua risasi chache kwa mwezi, ningemwambia achukue WASR iliyonyooka, ile tofauti ya bei anunulie geji, magazini za chuma nne au tano na makasha ya risasi. Anayepiga kila wiki, na uzito haumsumbui mkono, SAM7 itamtosha mpaka awaachie watoto.